Jina Lililosomwa Mnadani

Wajukuu zangu mnaoandika, mkija kunitembelea hapa Bariadi msianze kuniuliza habari za vitabu. Vitabu vyangu ni viwili. Kimoja kimeliwa na mchwa kwenye kabati la shule fulani, na kingine watu wanakisifia bila kukisoma. Sina ugomvi na yeyote, ingawa mchwa angalau walifika ukurasa wa mwisho. Niulizeni habari za gazeti, maana huko ndiko nilikofanya kazi na huko ndiko nilikoijua hofu.

Gazeti letu liliitwa Mwano. Kwa ninyi ambao Kisukuma mmebakiwa na salamu tu, mwano ni lile yowe la hatari la vijijini kwetu. Ng'ombe wakiibwa, mtu anapiga yowe, anayelisikia analipokea na kulipeleka mbele, na kila nyumba inatoa mtu wa kwenda kusaka. Lilikuwa gazeti la kurasa chache zilizobanwa kwa pini za stepla, tukilitoa kwa mashine ya kopi katika duka la Mzee Rajabu, karibu na stendi. Magazeti makubwa yalikuja kutoka Dar na picha za rangi za wakubwa wakifungua semina. Sisi tuliandika kisima kilichofukiwa, mzani wa pamba wenye tabia mbaya, mjamzito aliyerudishwa njiani. Tangazo la ofisi yoyote hatukuwahi kupewa, na hatukuwa na haja ya kuuliza sababu.

Mhariri alikuwa Mzee Maduhu, mwalimu mstaafu mwenye mguu mmoja mbovu na kalamu nyekundu isiyoisha wino. Chuo changu kilikuwa yeye. Sikumbuki kama aliwahi kunisifia, ila siku akiwa hana cha kufuta alikohoa, na mimi nilikihesabu hicho kikohozi kuwa sifa.

Jambo la kwanza alilonifundisha ni kwamba Mwano halisomwi kwa macho. Watu wa minadani walinunua nakala moja wakakusanyika watu tele, na kila mnada ulikuwa na msomaji wake. Ng'ambo ya Nkoma, kwenye kijiji ambacho leo sitakitaja kwa sababu watoto wa waliokosea wanaishi pale na wao hawana kosa, msomaji alikuwa Jilala, fundi baiskeli. Alisimama juu ya kreti la soda, macho yakisoma Kiswahili na mdomo ukitoa Kisukuma hapohapo, bila kusimama kufikiri. Sijapata kuona tena mtu mwenye kipaji kile.

Nikiwa bado mgeni wa kazi niliandika kwamba afisa fulani alibainisha kuwa mchakato wa utekelezaji umefikia hatua za mwisho za uratibu. Nilijiona nimekuwa mwandishi. Mzee Maduhu hakuifuta ile sentensi, alinituma mnadani nikaisikilize. Jilala alisoma vizuri, watu wakicheka na kuguna panapostahili, hadi alipofika kwenye mchakato wangu. Akanyamaza, akaligeuza gazeti nyuma kana kwamba maana imeandikwa huko, kisha akawaambia watu kwa Kisukuma kwamba hapa mkubwa mmoja amesema kitu, tuendelee. Watu waliitikia kwa vichwa, hawakuona ajabu. Mimi nilitamani ardhi ipasuke.

Nilimfuata baadaye nikamuuliza kwa nini ameniruka. Hakuacha hata kujaza upepo.

"Mayu, mimi naruka yasiyoeleweka," alisema, akiniita mama kwa Kisukuma. "Jua kali hili, na watu wamekuja kununua ng'ombe."

Tangu hapo kila sentensi yangu niliipima kwa pumzi ya Jilala, na ninyi mnaorusha habari kwa simu mngefanya hivyo tungepona wengi.

Jambo la pili lilikuwa gumu zaidi. Mzee Maduhu alisema kwamba kijijini, aliyepiga mwano haendi kujificha ndani. Watu wakifika wanamkuta pale, wanamuuliza wapi, nani, wameelekea upande gani, na akionekana amepiga mwano wa uongo anatozwa. Basi na sisi, habari ikitoka, mwandishi wake anakwenda kusimama kwenye mnada wa palepale alipopaandika, gazeti mkononi, hadi msomaji amalize. Nimetukanwa kwa ajili ya kanuni hiyo, nimemwagiwa maji ya kuoshea utumbo, na siku moja huko Mwamapalala mzee mmoja alinifuata toka zizini hadi kwenye vitunguu akinisahihisha jina la babu yake. Alikuwa sahihi. Naweza kuwaambia kwamba ukijua utasimama mbele ya watu uliowaandika, mkono unakuwa mwepesi wa kufuta.

Sasa niwaambie habari ya Kabula.

Mkoa wetu ulikuwa bado mchanga. Habari niliipata kwa mama muuza michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, hapa sokoni, ambaye aliniambia huku akiangalia pembeni kwamba kule kwao, kijiji kilekile cha Jilala, kuna mama ametengwa. Kutengwa kwetu si mzaha. Sungusungu, yaani walinzi wa jadi, wakikutenga hakuna anayekusalimia, hakuna anayekuuzia chumvi, mashine haikusagii mahindi, na ukifiwa unachimba kaburi mwenyewe. Anayekiuka anatengwa pamoja nawe. Nilimuuliza mama wa michembe jina la huyo mama. Alifunga mfuko wangu, akanipa, akasema jina ndilo lenyewe halitamkwi.

Nilikwenda. Nyumba ilikuwa mwisho wa njia, imezungukwa na minyaa, uwanja umefagiwa vizuri sana kwa nyumba isiyopata mgeni. Vijana, msifike kwa mtu mkatoa kalamu. Salimieni, ulizieni ukoo, kaeni mpewe maji. Nilisema, "Mwadila mayu," nikasubiri. Mama yule alisimama na ufagio wake akiniangalia mdomo, akafungua wake, na sauti haikutoka. Ilibidi akohoe kwanza ndipo aitikie. Koo lilikuwa limezoea kusema na kuku.

Alikuwa mjane, anaitwa Kabula, binti wa Shija. Siku ya mkasa, ng'ombe waliibwa mchana na mwano ukapigwa. Ndani mwake bintiye Holo alikuwa na uchungu wa kuzaa, mtoto amekuja vibaya, na wao walikuwa wawili tu. Kila nyumba lazima itoe mtu, yeye hakutoka. Mtoto alizaliwa salama jioni ile. Kikao kilipokaa, kamanda wa sungusungu akamtoza dume la ng'ombe. Kabula akajibu mbele ya wote kwamba halipi, kwa sababu mwano ni wa kuokoa na yeye siku ile alikuwa anaokoa. Wakamtenga. Holo alirudi kwa mumewe na kichanga chake, na mama akabaki peke yake.

Alinionyesha jiwe analosagia, maana mashine walimkatalia. Alinionyesha pamba yake ikiwa imepasuka shambani, inaanguka chini, hakuna wa kumsaidia kuichuma. Haya yote aliyasema bila kutetemeka. Kilichomtoa machozi ni kitu kingine.

"Wananiita yule wa kule," alisema. "Hata watoto. Nimeanza kusahau navyoitwa."

Nilimwambia kwamba tunaweza kuandika bila jina, tuseme tu mjane mmoja, ili asije akadhurika zaidi. Niliona ninamfanyia wema. Alinikatalia kwa ukali kabisa. Alisema nikiandika mjane mmoja nitakuwa nimeungana nao. Alitaka jina lake na la baba yake, lisomwe pale mnadani ambapo kila kitu husomwa, na kama halitasomwa basi yeye atafunga mzigo aende kwa bintiye, aache shamba, aache na kaburi la mumewe. Aliniomba nimwambie siku litakaposomwa. Nikamtajia mnada unaofuata.

Kutoka pale nilikwenda kwa kamanda mwenyewe, kwa sababu ukimwandika mtu bila kumuuliza hujaandika, umemsengenya. Alinipokea kwa heshima zote. Chai yenye maziwa, karanga, kiti cha mgongo. Nilieleza kilichonileta na nikataja jina. Vijana wake waliokaa mlangoni waliacha kutafuna. Yeye alikoroga chai yake taratibu.

"Andika tu, mwanangu," alisema. "Ila hapa kwetu hakuna mtu wa jina hilo."

Aliniuliza mama yangu anaishi wapi. Nilimjibu. Akasema anapajua vizuri, nyumba yenye bati jipya. Kisha akanisindikiza mpaka njiani, kama mila inavyotaka.

Niliandika nikiwa na hasira, na niliweka aya moja tamu sana kuhusu majaruba ya mpunga ya Kabula, yaliyokuwa karibu na maji, ambayo watu walisema kamanda anayamezea mate. Mzee Maduhu alisoma, akaizungushia aya ile mduara mwekundu. Akaniuliza kama nimeyasikia kwa kamanda au kwa mtu aliyeambiwa na kamanda. Nikasema watu wote wanasema. Akauliza ni nani kati ya watu wote atakayesimama na mimi mnadani aseme hivyo. Akaifuta. Nilimchukia siku ile, nikamwambia anamlinda kamanda, na yeye akaniambia kwamba anayemlinda ni Kabula, kwa sababu wakilikamata neno moja la uongo watayatupa yote ya kweli pamoja nalo.

Mzee Rajabu naye aliposhika karatasi ya kwanza alivaa miwani na kuisoma yote, jambo ambalo hakuwa na kawaida nalo. Watu wa kule walinunua daftari za watoto dukani kwake. Alisema, "Mwanangu, umeliandika jina?" Nikaitikia. Alishusha kifuniko cha mashine. Halafu akasema bismillahi, akabonyeza.

Siku ya mnada bodaboda alinishusha mbali, akisema pikipiki yake inajulikana. Nilitembea kwa miguu na furushi la magazeti kichwani, na kila niliyekutana naye aliniangalia kisha akaangalia mahali pengine. Habari ilikuwa imenitangulia. Nilimkuta Jilala amepindua baiskeli, anaziba pancha. Nilimpa nakala yake ya bure, kama kawaida. Aliisoma akiwa amechuchumaa. Aliposimama alinirudishia.

"Mayu, hii siwezi," alisema kwa sauti ya chini. "Mimi ni wa humuhumu. Nina watoto."

Sikumlaumu. Nilikuwa nimepiga mwano, na kazi ya kusimama ilikuwa yangu. Nilivuta kreti, nikapanda, nikaanza kusoma kwa Kisukuma changu kilichochuja mjini. Watu hawakusogea karibu wala mbali, waliendelea kupima chumvi na kukagua meno ya ng'ombe, wamenipa migongo. Kamanda alisimama penye lango la zizi na vijana wake, mikono nyuma. Nilifika kwenye jina nikalitaja kwa nguvu. Hakuna aliyegeuka. Nikalitaja tena. Mama wa chumvi aliendelea kujaza kopo lake.

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba jina midomoni mwangu halikuwa na uzito wowote. Mimi nilikuwa mtu wa kupita. Hawakunikataza mimi kulitamka, walijikataza wao, na ningeweza kulipiga kelele hadi jua lizame bila kumrudishia Kabula hata salamu moja. Nilishuka kwenye kreti. Nilikuwa nimeshindwa, na moyo uliniuma sana, maana nilijua yuko mtu nyumbani mwisho wa njia ambaye mzigo wake alikuwa ameshaufunga.

Kamanda alikuja, akanyoosha mkono, nikampa gazeti. Alisema mbele za watu kwamba anataka aone aliposingiziwa, na wakipaona nitakwenda nao kwenye kikao. Kijana wake mmoja akamsomea kwa sauti ya chini, aya kwa aya. Kijana alirudia mara ya pili. Majaruba hayakuwamo. Kilichokuwamo ni mwano, uchungu wa Holo, dume la ng'ombe, na maneno ya kamanda mwenyewe jinsi alivyoyasema. Kamanda hakupata pa kushika. Nilimkumbuka Mzee Maduhu na kalamu yake.

Ndipo Jilala akaacha baiskeli. Alijifuta mikono kwenye suruali, upande huu na upande ule, akachukua nakala moja kutoka kwenye furushi langu, akapanda kreti. Hakuniangalia. Alianza kama alivyoanza siku zote, kwa kuwaambia watu wasogee maana hatarudia. Na watu, kwa mazoea tu nadhani, wakageuza shingo.

Alisoma vizuri kuliko nilivyoandika. Yowe la mchana, wasakaji wakikimbia, binti akilia ndani, mama akisimama katikati ya mlango na mwano masikioni. Wanawake waliacha kuuza. Hakuwa bado amesema ni mama gani. Alifika mahali penye jina, na akasimama.

"Jilala," kamanda aliita toka chini. "Ruka hapo."

Jilala alilitazama gazeti.

"Naruka yasiyoeleweka, baba," alisema. "Hili linaeleweka."

Akasoma. "Kamanda alipoulizwa habari za Kabula, alisema hapa kwetu hakuna mtu wa jina hilo." Halafu, kama alivyozoea kurudia majina kwa ajili ya walioko nyuma, aliinua kichwa akaita kwa sauti yake ya mnadani, "Kabula, ng'wana Shija."

"Abee."

Ilitoka nyuma ya magunia ya chumvi. Alikuwa amekuja, amejifunga khanga safi, amesimama peke yake na uwazi umemzunguka pande zote. Sauti ilikwaruza lakini ilisikika hadi zizini. Mnada mzima ulimwangalia, na hakuna aliyeweza kusema hakumwona. Mama wa chumvi alikuwa na kopo mkononi limejaa. Alilitazama, akamtazama kamanda, kisha akanyoosha mkono na kulimimina lote ndani ya khanga ya Kabula, akamwambia, "Mwangaluka, Kabula," ingawa saa za salamu hiyo ya asubuhi zilikuwa zimepita zamani.

Mimi nililia hadharani, na sikuona haya.

Mtataka kujua ya baadaye. Kikao kiliitishwa, wakajaribu kumtenga Jilala, ikadumu hadi pancha ya kwanza ya baiskeli ya kamanda. Pamba ya Kabula ilichumwa na watu ambao walidai wanapita tu. Sisi hatukupata tangazo. Mzee Maduhu nilipomsimulia, alikohoa.

Wajukuu zangu hapa nyumbani wananicheka. Wanasema bibi akiandika jina la mtu anavua miwani, analiita kwa sauti, kisha ananyamaza na kutega sikio. Wanadhani ni uzee.